Ufundi wa Mauzauza katika Nchi ya Majabali: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Nchi ya Majabali ni ulimwengu wa kubuni, wa mchezo wa mezani wa kuigiza wahusika. Sura yake imechukuliwa nyanda za kati za Tanzania: mibuyu, vumbi jekundu, mawe makubwa kama yale ya Singida, na jua lisilo na huruma mwezi wa kumi. Kati ya fani zake zote, Mauzauza ndiyo inayoleta ubishi mwingi mezani, kwa sababu haibomoi ukuta wala haichomi nyumba. Inabadilisha anachokiona mtu, na wachezaji wengi hawajui mpaka wake uko wapi.

Mauzauza ni nini hasa?

Ni fani ya kumfanya mtu aone, asikie au anuse kisichokuwepo, au asikione kilichopo. Fundi haumbi kitu chochote. Kinachotokea kinatokea kichwani mwa mlengwa, na sehemu kubwa ya kazi anaifanya mlengwa mwenyewe: fundi anampa vipande vichache, yeye anaviunga. Ukilishika hilo, kanuni nyingi zinazofuata utazikisia kabla hujazisoma.

Kwa hiyo si sawa na yale maji yanayoonekana barabarani mchana?

Si sawa. Ukitoka Dodoma kwenda Manyoni saa saba mchana, lami iliyo mbele huonekana kama imemwagiwa maji. Yale ni mazigazi. Hewa iliyo karibu na lami imepata moto ikawa nyepesi kuliko iliyo juu yake, mwanga wa anga ukipita humo unapinda na kulifikia jicho kutoka chini. Ni mwanga wa kweli, ndiyo maana hata simu inayapiga picha maji hayo. Katika mchezo vitu vya namna hiyo ni vya fani ya Upepo, na kila mwenye macho huviona, mbuzi wakiwemo.

Mauzauza huyaona mlengwa peke yake. Mhusika anayetaka kujua anashughulika na kipi, aangalie wanyama. Watu wakipiga yowe la fisi huku mbwa amelala anajikuna, jibu limeshapatikana. (Fundi anaweza kumlenga mbwa pia, lakini mbwa huingia kwenye hesabu ya gharama kama mlengwa mmoja.)

Tunahitaji vifaa gani?

Dadu mbili za kawaida zenye pande sita, zile za kwenye ludo. Penseli. Karatasi za A4. Na kwa kila fundi, mbegu sita za ubuyu za kuhesabia pumzi, yaani nguvu anazolipia mauzauza yake. Zikishamung'unywa zioshwe na kukaushwa vizuri, maana ubuyu wa rangi unachafua karatasi za wahusika.

Kiini kinatengenezwaje?

Onyesho moja la mauzauza huitwa kiini, na kiini kilichokamilika kina sehemu tatu.

Shina ni kitu halisi kilichopo mahali pale, ambacho kiini kinakiegemea: jabali, kivuli, moshi, vumbi, nguo iliyoanikwa. Chambo ni hisia ya kwanza inayomfikia mlengwa na kumwonyesha afikirie nini. Mwanya ni kile ambacho fundi anakiacha kwa makusudi ili mlengwa akijaze mwenyewe.

Mchezaji huanza kwa kutaja walengwa ni akina nani na wako wangapi. Kisha anataja shina, halafu chambo, halafu anasema wazi nini hatakionyesha. Ndipo analipa mbegu zake na kurusha dadu. Akirusha kabla hajataja mwanya, msimulizi, yaani anayeongoza mchezo, ndiye anayeujaza, na wasimulizi kwa kawaida hawaujazi kwa wema.

Mwanya ndio unaowashinda wageni wa fani hii. Wanataka kueleza kila kitu: rangi ya vazi, urefu wa mkuki, kovu shavuni. Kila unachokieleza ni kitu ambacho mlengwa anaweza kukikagua. Usichokieleza, mlengwa hukichukua katika kumbukumbu yake, na kumbukumbu yake mwenyewe haishuku.

Gharama zake zikoje?

Fundi ana pumzi 6 kwa siku. Usiku mzima wa usingizi huzirudisha zote, nusu usiku hurudisha 3. Kiini cha hisia moja ni pumzi 1, na kila hisia inayoongezwa ni pumzi 1 zaidi. Walengwa watatu au pungufu hawaongezi kitu. Wanne hadi tisa huongeza 1. Kumi na kuendelea huongeza 2. Kiini hudumu kitambo kimoja, yaani dakika kumi za ndani ya simulizi, na kila kitambo cha ziada ni pumzi 1.

Kitu halisi hakilipiwi. Hapa pumzi nyingi hupotea bure: mchezaji analipia sauti ya kengele huku kengele yenyewe iko kwenye mkoba wa mhusika wake.

Dadu zinasomwaje?

Kizingiti cha kawaida ni 8. Jumlisha dadu mbili, ongeza Ufundi wa mhusika (mwanagenzi ana 0, fundi 1, fundi mkuu 2, na 3 hufikiwa na wachache sana). Ukifika au ukivuka kizingiti, kiini kimekaa.

Kizingiti hushuka kwa 1 ukiwa na shina, kwa 1 chambo kikiwa halisi, na kwa 1 tena ikiwa mlengwa alikuwa anakitarajia kitu hicho. Hupanda kwa 1 kitu kikiwa si cha mahali pale, na kwa 2 mlengwa akiwa anakijua kitu hicho kwa undani. Kuguswa kuna kanuni yake, tazama chini.

Dadu mbili zina matokeo 36. Kupata 8 au zaidi ni mara 15 kati ya hizo, 7 au zaidi ni 21, 6 au zaidi ni 26, 5 au zaidi ni 30. Zitazame vizuri tarakimu hizo. Mwanagenzi mwenye shina na chambo halisi anahitaji 6, yaani 26 kati ya 36. Fundi wa Ufundi 1 aliyekurupuka bila maandalizi anahitaji 7, yaani 21. Mwanagenzi aliyejipanga anamshinda.

Tupeni mfano mmoja mzima.

Jioni, lango la boma, walinzi watatu. Fundi wa Ufundi 1 na wenzake wawili wanataka kuingia bila kuulizwa. Kiini ni kundi la ng'ombe wanaorudi malishoni.

Shina ni vumbi la kweli: mwenzake mmoja anaburuta tawi la mgunga mbele ya upepo, vumbi linapanda kuelekea langoni. Chambo ni kengele halisi ya ng'ombe, inayotikiswa kwa mwendo wa mnyama anayetembea, si haraka haraka. Isikike kabla vumbi halijafika. Ikichelewa inakuwa sauti tu. Mwanya ni idadi ya ng'ombe na uso wa mchungaji. Walinzi saa hiyo wanasubiri mifugo, kwa hiyo matarajio yapo.

Kizingiti kimeshuka kutoka 8 hadi 5. Kwa Ufundi 1, dadu zinatakiwa kutoa 4 tu, ambayo ni mara 33 kati ya 36. Gharama ni pumzi 1, ya macho, kwa kuwa sauti ni ya kweli. Lango linafunguliwa na walinzi wenyewe, na wahusika wanapita pembeni ndani ya vumbi.

Sasa mchezaji yule yule akiamua kuleta simba. Hana shina, hana chambo halisi, analipa pumzi 2 za macho na sauti, kizingiti kinabaki 8. Na kikikaa ndiyo hasara zaidi, kwa sababu simba anawaleta watu wote wa boma langoni na mikuki. Ng'ombe anafunguliwa lango.

Mpango wa ng'ombe una tundu moja. Mmoja wa walinzi akiwa ndiye mwenye mifugo, kizingiti kinapanda kwa 2, maana mfugaji anamjua kila ng'ombe wake kwa rangi na pembe. Afadhali apelelezwe mapema, avutwe kando kabla ya kazi kuanza.

Kwa nini kiini changu kinavunjika walinzi wakianza kuzungumza?

Kwa sababu kila mmoja amejaza mwanya kwa namna yake. Huyu kaona mchungaji mrefu, yule kaona mtoto. Walengwa wakilinganisha walichokiona, kila mmoja anarusha dadu mbili, na anayepata 8 au zaidi anajitoa kwenye kiini.

Dawa yake ni pini: jambo moja dogo ambalo fundi anawapa wote kwa pamoja, kwa mfano ng'ombe wa mbele ana pembe moja iliyopinda kuelekea chini. Pini haina gharama ya pumzi, ila itajwe kabla ya kurusha. Walinzi wakiongea, wataongelea pembe ile, watakubaliana, na kukubaliana kwao kunakishindilia kiini. Wenye pini hujitoa kwa 10 au zaidi, ambayo ni mara 6 tu kati ya 36. Pini ni moja. Kila unayoiongeza inapandisha kizingiti kwa 1, na ukifika ya tatu umesharudi kwenye kosa la kueleza kila kitu.

Jambo jingine linaloendana na hili ni hesabu. Binadamu akitupa jicho mara moja hutambua idadi ya vitu hadi kama vinne. Vikizidi hapo inabidi ahesabu. Kanuni imefuata maumbile hayo: kiini chenye vitu zaidi ya vinne hakina idadi. Mlinzi akihesabu ng'ombe mara mbili atapata 11, kisha 14, na hapo hapo anarusha dadu za kujitoa. Walinzi waliofundwa vizuri huhesabu kila kitu mara mbili. Ukikutana nao, leta vitu vitatu.

Naweza kumfanya mtu asione kitu kilichopo?

Unaweza, na ni rahisi kuliko kuleta kisichokuwepo. Gharama ni pumzi 1 na kizingiti huanzia 6, kwa sharti kwamba mlengwa ana shughuli inayomkamata akili: anahesabu fedha, anatoa mwiba mguuni, anabishana.

Sharti hili halikubuniwa hewani. Mwaka 1999 Daniel Simons na Christopher Chabris walichapisha jaribio ambalo watu walitazama video na kuhesabu pasi za mpira. Karibu nusu yao hawakumwona mtu aliyevaa vazi la gorila akipita katikati ya wachezaji. Hakuna aliyewaroga, walikuwa wanahesabu.

Msimulizi anayetaka kuwashawishi wenye mashaka, awape jaribio hili. Chora msalaba mdogo kwenye karatasi. Kulia kwake, umbali wa sentimita 8, weka nukta yenye upana wa nusu sentimita. Funga jicho la kushoto, kodolea msalaba kwa jicho la kulia, na sogeza karatasi taratibu kutoka mbali hadi ibaki kama sentimita 30. Nukta itatoweka. Mahali mshipa wa jicho unapotokea kuelekea kwenye ubongo hapana chembe za kupokea mwanga, na ubongo unaziba tundu hilo kwa weupe wa karatasi inayolizunguka. Ukigeuza macho kuitafuta nukta utaiona, kwa hiyo wakumbushe wachezaji wasihamishe jicho kwenye msalaba.

Njia hii hushindwa kwa mlengwa asiye na kazi. Mlinzi aliyeegemea ukuta akipiga miayo ana kizingiti 9, kwa sababu chochote kinachopita ni burudani kwake.

Usiku kunabadilika nini?

Mambo mawili. Jicho lililotoka kwenye mwanga huchukua dakika 20 hadi 30 kuzoea giza sawasawa. Kwa hiyo mlengwa aliyeondoka kwenye moto sasa hivi anashusha kizingiti kwa 1 kwa vitambo viwili. Fundi naye akae mbali na moto kabla ya kazi, la sivyo udhaifu huo huo unampata yeye.

La pili ni sauti. Usiku mtulivu wa kiangazi hewa ya chini hupoa kuliko ya juu, na sauti hupinda kurudi ardhini badala ya kupotelea angani. Chambo cha sauti kinachofika hatua 100 mchana hufika 200 usiku. Hilo linawaponza wengi: kengele uliyoikusudia kwa walinzi inasikika hadi kambi ya pili.

Harufu inafaa?

Kwa kuanzia tu. Pua huzoea harufu ndani ya dakika chache, hata ya kweli. Usilipie harufu kwa zaidi ya kitambo kimoja. Cha pili mlengwa haisikii tena.

Na mtu akikigusa kiini?

Mkono ukipita hewani, kiini kimekwisha, hakuna dadu. Lakini ukigusa shina lenye umbo linalokaribiana, kiini kinaweza kusalimika: lipa pumzi 1 ya hisia ya kugusa na urushe upya, kizingiti kikiwa kimepanda kwa 2. Kinachotazamwa na kinachoguswa viende kwa wakati mmoja. Mwaka 1998 Matthew Botvinick na Jonathan Cohen walionyesha kwamba mkono wa mpira ukipapaswa kwa brashi sambamba na mkono wa mtu uliofichwa, mtu huyo huanza kuuhisi wa mpira kuwa wake. Brashi zikipishana, hisia hiyo hufifia. Kwenye mchezo pia: shina likisogea nyuma ya picha hata kidogo, usirushe, kimbia.

Kiini kumrudia fundi maana yake nini?

Dadu zikitoa moja na moja, kiini kinakaa kichwani mwa fundi mwenyewe. Anaona ng'ombe aliowatunga, na anaamini. Mchezaji wake lazima aigize hivyo kwa vitambo viwili, au mpaka mwenzake amshike mkono na kuuweka juu ya shina. Hapa ndipo shina lina faida ya pili: asiye na shina hana pa kuwekwa mkono.

Kwa kawaida hiyo ni mara 1 kati ya 36. Fundi aliyeishiwa mbegu anaruhusiwa kukopa pumzi, ila akikopa moja, kurudiwa kunatokea kwa jumla ya 3 au chini (mara 3 kati ya 36), na akikopa mbili, kwa 4 au chini (mara 6). Kukopa ya tatu hakuruhusiwi. Wazo limetoka kwenye jambo ambalo abiria wa treni wanalijua: aliyekodolea kokoto za reli zikipita dirishani, treni ikisimama huona kokoto zinatambaa kwenda upande wa pili. Macho yaliyotumikishwa sana huanza kuleta yao.

Mauzauza yanaweza kuua?

Moto wa mauzauza hauunguzi. Mtu anayeukimbia akaanguka kwenye jabali ameanguka kweli.

Mhusika akilengwa, mchezaji wake aambiwe?

Vikundi vinagawanyika hapa. Ushauri wetu ni aambiwe, aigize kutojua, kwa sababu mchezaji aliyedanganywa jioni nzima huacha kuamini chochote anachosimuliwa, na mchezo unakwama kwenye maswali ya kuhakikisha. Kikundi kikipendelea siri, tumieni vikaratasi. Kunja A4 mara nne, kata kwenye mikunjo, utapata vipande 16. Msimulizi anamwandikia kila mchezaji kipande, wakiwemo wasiohusika, ambao chao kitaandikwa "huoni jipya". Akimpa mlengwa peke yake, kile kikaratasi chenyewe kimeshatangaza mauzauza. Urefu wa maandishi nao ukaribiane. Mtu anayesoma mistari sita huku wenzake wamemaliza kwa neno moja atajulikana tu.

Asiyetaka mhusika wake achezewe akili aseme kabla ya kuanza, na badala ya kiini mhusika wake apoteze zamu moja. Hadaiwi sababu.

Je, huu si uchawi?

Ni mchezo wa dadu na karatasi. Hauna dawa, hirizi wala kiungo cha mnyama au binadamu, na msimulizi anayeingiza viungo vya watu kwenye hadithi, hata kwa utani, aambiwe aache. Anayejinadi mtaani kwamba ana uwezo huu ameondoka kwenye mchezo, na atakutana na Sheria ya Uchawi, Sura ya 18.

Wengine huuliza kama michoro ya miambani ya Kolo, kule Kondoa, itumike kama shina. Chora miamba yako ya kubuni. Ile ya Kolo ni urithi wa dunia katika orodha ya UNESCO tangu 2006, na baadhi ya maeneo yake bado yana ibada za wenyeji. Ukienda kutalii, usiiguse wala kuimwagia maji ili ing'ae kwenye picha.

Kiini kikiisha, walengwa wanakumbuka nini?

Wanakumbuka kama mtu anavyokumbuka jambo la juzi: yote kwa jumla, machache kwa undani. Wasiojitoa hawana sababu ya kushuku mpaka kitu kikosekane, mathalani ng'ombe wenyewe zizini asubuhi. Msimulizi arushe dadu moja kwa kila mlengwa kesho yake. 5 au 6, anaanza kuulizauliza. Kinachobaki wazi kuliko vyote ni pini, kwa hiyo fundi asiitumie pini ile ile mara mbili katika kijiji kimoja. Pembe iliyopinda ikitajwa tena kwenye lango la pili, wapo watakaokumbuka walikoiona.